Mkono Uliobaki Kwenye Mtungi

Nyumbani kwa Mama,
Chumba cha uani.
Jumapili, tarehe 14 Juni

Mpendwa Kaka,

Salamu kwanza, ugomvi baadaye. Hujambo wewe, na wifi hajambo, na wale wanangu wawili wanaendeleaje? Yule mkubwa bado anakataa kula mpaka asimuliwe hadithi? Mwambie shangazi yake anazo za kutosha, ila za mwezi huu hazimfai mtoto. Na mgongo wako je? Umeacha kulala kwenye kochi, au wifi bado anakufukuza chumbani kwa sababu ya kukoroma? Nasikia huko baridi imeanza. Vaa soksi, usijifanye kijana.

Sisi huku tu wazima kwa kiasi chetu. Mimi mdomo umevimba na jino moja la mbele linacheza. Mama mkono wake wa kushoto uko kwenye plasta mpya ya hospitali, ile ya kwanza imevunjika, na namna ilivyovunjika ndiyo habari yenyewe, utaifikia. Anakula vizuri, na leo asubuhi amenigombeza kwa sababu ya chumvi kwenye mboga. Kwa hiyo usianze kulia.

Naandika barua kwa sababu simu unanikatia. Juzi ulinisikiliza mpaka nilipopandisha sauti, ukasema nikitulia nikupigie, ukakata. Barua huwezi kuikata. Unaweza kuichana, lakini nakujua, lazima uisome mpaka mwisho ndipo uichane, maana tangu utotoni unapenda umbea kuliko chakula.

Najua Spana, mdogo wetu wa mwisho, ameshakufikia. Amekuambia amevamiwa na watu watatu, mimi, Mama na fundi cherehani wa jirani, na kwamba tumemmwagia sumu machoni. Kupigwa, kapigwa. Hilo silikanushi, tena ningelisema kwa kinywa kipana kama mdomo huu ungefunguka sawasawa. Lakini idadi ya waliompiga ameikosea, na sababu ameimeza.

Nakuandikia wewe kwa kuwa wewe ndiye mkubwa wetu, na neno lako ndilo lililomleta hapa na masanduku yake. Wewe ndiye uliyesema niondoe tanuri la kuchomea vyombo vya udongo, nihamishe vyombo vyangu, Spana ahamie chumba hiki awe anamwangalia Mama. Nataka ulirudishe neno hilo, na ulirudishe ukishamaliza kusoma. Mama hawezi kukaa nyumba moja na Spana. Atamuua. Siyasemi haya kwa hasira, ingawa hasira ninayo ya kugawia mtaa mzima.

Turudi kwenye siku ile Mama "alipoteleza". Wewe ulisimuliwa kwamba mimi niliacha maji sakafuni, Mama akapita, akateleza, akaangukia rafu, rafu nayo ikamwangukia. Nami niliambiwa hivyohivyo, na Mama mwenyewe, akiwa amelala chini, nusu ya uso imevimba na jicho moja limezibwa na damu.

Nilikuwa nimetoka kwenda kununua unga wa dawa. Dawa, Kaka, si ya homa. Ndivyo tunavyoiita ile rojo nyeupe tunayopaka vyombo vikishachomwa mara ya kwanza. Ukivirudisha motoni inayeyuka na kugeuka kioo, ndiyo inayokifanya kikombe king'ae na kisikunywee chai yako kabla hujaonja.

Nilipofungua mlango nilikanyaga vigae. Bakuli zote tulizoagizwa na hoteli, vikombe, sahani, vyote chini. Na havikuwa vya kuanguka. Chombo kikianguka kinavunjika vipande vikubwa palepale chini ya rafu. Hivi vilikuwa vimebamizwa ukutani, ukuta wote una mabaka, na vumbi jekundu lilikuwa bado linaelea chumbani. Damu ilikuwa kizingitini, kwenye ndoo, na kwenye unga mweupe uliomwagika, imegandia humo madonge madonge. Mama alikuwa katikati ya yote hayo, mkono mmoja umepinda mahali ambapo mkono haupindi, na kwa ule mzima ameukumbatia mtungi mkubwa. Ni ule mtungi wako, Kaka, aliokuwa anakufinyangia wewe uweke sebuleni kwako. Ilibidi nimbembeleze auachie ndipo tumbebe.

Hospitali daktari alinivuta pembeni akaniuliza kama ni mimi niliyempiga. Niliitazama nguo yangu, imejaa damu na udongo, nikaona hata mimi ningeuliza.

Kesho yake Spana akaja na machungwa. Akakaa pembeni ya kitanda, akalia machozi ya kweli, akaushika mkono uleule wa plasta akaubusu mbele ya wauguzi. Mmoja wao akasema Mama amebarikiwa mtoto. Ukampigia simu palepale, akakueleza habari ya maji sakafuni, Mama akaitikia kwamba ni kweli, nawe ukatoa hukumu yako. Mimi nilisimama pale mlangoni. Nilijua ni yeye, lakini kujua si kuona, na nilipofungua kinywa ukaniambia kwamba Spana sijawahi kumpenda tangu alipozaliwa.

Sasa nisikilize jinsi kazi yetu inavyokwenda, maana bila hilo hutaelewa. Chombo kikitoka motoni mara ya kwanza kinakuwa kikavu, kina kiu, ukikilamba kinang'ang'ania ulimi. Kabla ya kukitia dawa lazima kifutwe kwa sponji yenye maji, ndani na nje. Vumbi likibaki, dawa haishiki. Mafuta yakibaki ndiyo balaa zaidi, kwa sababu udongo unayanywa na juu huoni kitu, lakini ukija kumwaga dawa inapakimbia pale mahali kama maji kwenye sufuria ambalo halijaoshwa. Kufuta ni kazi ya Mama. Yeye anafuta, mimi natia dawa, na ole wako ushike chombo chake ukiwa umetoka kujipaka mafuta. Mimi na utu uzima huu nimeshachapwa vidole kwa mwiko kwa kosa hilo.

Mama akiwa bado hospitali, niliamua niumalize ule mtungi peke yangu. Ndio uliosalimika, umeshachomwa mara ya kwanza, na nilitaka akirudi aukute uko tayari apate cha kufurahia. Niliupuliza vumbi, nikaupangusa kwa kitambaa kikavu, basi. Sikuufuta. Wala sikukumbuka kwamba kuna kufuta, kwa sababu miaka yote naletewa vyombo vimeshafutwa. Nikauweka juu ya gurudumu, nikachota dawa kwa jagi, nikawa naumwagia kuanzia mdomoni huku nauzungusha taratibu. Upande wa kwanza ukawa mweupe safi. Ulipogeuka upande wa pili, dawa ilifika begani ikagawanyika.

Nilisimama na jagi mkononi, dawa ikinimwagikia miguuni. Ulikuwa mkono. Kiganja kizima, kimekamata bega la mtungi kwa nguvu, udongo uko wazi na weupe umekizunguka. Kidole gumba. Cha shahada. Cha kati. Halafu kisiki. Halafu kidole kidogo.

Wewe ndiye uliyekuwa naye siku feni ya injini ilipomkata Spana. Wewe ndiye uliyemtafutia kazi ile ya gereji, na wewe ndiye uliyekimbia naye barabarani, ule mkono umeukumbatia kifuani na nusu ya kidole cha pete imefungwa kwenye leso mfukoni mwako. Mpaka leo shati lile Mama hajalitupa. Kwa hiyo usiniulize nilijuaje ni mkono wa nani.

Asubuhi ya siku ile Mama alipoumizwa, Spana alikuwa amefukuzwa gereji kwa kumpiga mwenzake na mpini wa jeki. Hilo hakukuambia. Alikuja hapa moja kwa moja na nguo za kazi, grisi mpaka viwikoni.

Nikalichukua koleo la tanuri, lile la chuma refu kama mguu wa mtu, nikatoka nalo. Sikufunga mlango, sikuvaa viatu. Nilipita mtaani miguu imejaa dawa nyeupe, watoto wananikimbia, mwenye duka akanisalimia kisha akarudi ndani. Nilikwenda gereji, hayupo. Nilikwenda alikopanga, mwenye nyumba akaniambia kamfukuza, kwa sababu mlango wa chumba umebaki bawaba tu. Nilizunguka mpaka mkono ukafa ganzi kwa uzito wa lile koleo. Ningemkuta siku ile, Kaka, nisingempiga kofi. Ningeanzia kichwani, na sasa hivi ungekuwa unaniandikia wewe barua, ya gerezani. Nashukuru sikumkuta, na kuna saa nasikitika.

Niliporudi dawa ilikuwa imekauka na ule mkono upo palepale, unanisubiri. Kwa kawaida dawa ikikimbia namna hiyo unaisugua yote kwa maji, unakausha chombo, unakifuta vizuri, unaanza upya. Kazi ya mchana mmoja. Nilikwishachovya hata sponji. Halafu nikafikiri, dawa mbichi hata kidole cha mtoto kinaifuta, lakini ikishapita motoni haifutwi na mtu. Nikaitupa sponji. Nikaubeba mtungi vile ulivyo nikautia tanurini, nikafunga mlango, nikawasha.

Uligeuka kijani ya ndani ya chupa, kijani ambayo sijawahi kuipata, ningekuwa na moyo ningecheza. Na begani mkono umebaki udongo mtupu, mwekundu, mkavu. Ukiupapasa kioo kinaishia ukingoni mwa vidole, unakata kidogo.

Mama alitolewa hospitali siku hiyo hiyo nilipofungua tanuri. Akaja polepole mpaka chumbani, anasema anataka kuuona mtungi wa mwanawe wa kwanza. Nikamgeuzia upande wenye mkono. Nilidhani atalia. Nilidhani ataniangukia kifuani aseme kila kitu. Alinipiga kofi, Kaka. Mkono mmoja tu anao na ulitosha, masikio yalinilia. Akasema, "Kwa nini hukuufuta?" Akanipiga tena. Kisha akavua mtandio wake akaufunika mtungi, akaenda kulala amegeukia ukuta.

Hapo ndipo nilipoelewa kwamba hakusahau, wala hakuchanganyikiwa na kipigo kama nilivyojidanganya. Alikuwa amemficha Spana. Na angeendelea kumficha mpaka siku tunamzika, kisha sisi wawili tungesimama kaburini tukisema maskini, aliteleza.

Jana Spana akahamia. Alikuja na mkokoteni, una masanduku, godoro na nyundo ya kuvunjia mawe. Aliniambia, "Kaka amesema," akanipita. Neno lako alilitumia kama ufunguo. Akaingia chumba cha uani, akaanza na tanuri. Pigo la kwanza kwenye mlango wake, la pili kwenye matofali, nami namvuta shati kutoka nyuma, hata hageuki. Nilimwambia nampa nafasi akatulie chumba cha mbele, tanuri aliache mpaka nizungumze nawe. Unaona nilivyokuwa mpole, mimi huyu. Akacheka.

Kisha akauona mtandio wa Mama juu ya rafu. Akauvuta.

Akautazama ule mkono. Akanitazama mimi. Halafu akaunyanyua mkono wake wa kulia akauweka pale juu, taratibu, kidole kwa kidole, mpaka kisiki kikakaa kwenye kisiki. Ulienea sawasawa. Alikuwa anatabasamu wakati anauweka na tabasamu likamfia hapohapo. Akarudi nyuma akaizungusha nyundo, na mtungi wako, Kaka, mtungi ambao Mama aliukalia kazi tangu mwaka jana ulipotuaga ukaondoka, ukaruka chumba kizima.

Nilimrukia. Sikumbuki nilivyopita meza. Nilimng'ata bega mpaka nikasikia ladha ya chumvi, akanibamiza kwenye rafu, mbao zikaniangukia, nikainuka nikamchapa na ndoo tupu. Akanipiga ngumi ya mdomo. Taa zote zilizima na kuwaka. Nilipopata akili alikuwa amenigandamiza kwenye tanuri, mikono yote miwili shingoni mwangu, na ninaisikia ile nafasi ya kidole kilichokosekana hapa chini ya taya, mahali pasipobanwa. Nilikuwa napumulia hapo. Uso wake ulikuwa karibu na wangu, mtulivu, kama mtu anayekaza nati.

Mama aliingia bila sauti. Jagi lilikuwa mezani limejaa dawa, akalichukua kwa mkono wake mzima akammwagia usoni yote. Ndiyo hiyo sumu aliyokuambia. Ni unga wa mawe na majivu na maji, alinawa akaona, macho yake ni mazima, usipoteze usingizi. Spana aliniachia akajishika macho. Na Mama akaunyanyua ule mkono wa kushoto, ule aliouvunja Spana, na plasta yake nzito, akampiga nao kichwani. Akampiga tena. Sauti ya pigo ilikuwa kavu kama ya kigae. Pigo la mwisho plasta ilipasuka, Mama akatoa yowe, Spana akaanguka magotini juu ya vipande vya mtungi.

Kwa hiyo aliyempiga ni Mama. Mimi nilijaribu tu, nikashindwa.

Fundi cherehani alifika vita vimekwisha, futi yake ya kupimia shingoni na mkasi mkubwa mkononi. Huyo ndiye mtu wa tatu. Kazi aliyoifanya ni kumshika Spana kiwiko na kumpeleka bombani anawe macho. Maskini hana amani tangu siku ya kwanza. Mimi nikikanda udongo nauinua na kuubamiza mezani, ukuta wake wote unatikisika, kazoea. Kwa hiyo siku ile Mama anapigwa alisikia vishindo, akadhani niko kazini, akaendelea kushona. Mpaka vishindo vilipozidi ndipo alipogonga ukuta, kwa kuudhika tu na kelele. Kule kugonga ukuta ndiko kulikomkimbiza Spana. Namwambia kila siku kwamba kuudhika kwake kulimwokoa mama yetu, haamini.

Spana aliondoka uso mweupe, dawa imemkaukia kwenye nyusi na ndevu, kiatu kimoja. Alipofika langoni akageuka akamwita Mama, kwa ile sauti yake ya utotoni akitaka kubebwa. Mama alikuwa amekaa juu ya ndoo niliyoipindua, anaushika mkono. Hakuitika. Nimeishi na Mama maisha yangu yote, sijawahi kumwona asiitike anapoitwa na yule.

Mama alinisimulia palepale, kabla ya kwenda hospitali kufungwa upya. Siku ile Spana alitaka Mama anifukuze mimi ili chumba kiwe chake aanzishe gereji yake humu. Mama akamwambia chumba kina mwenyewe. Spana akaanza kuvunja vikombe. Mama akamwambia vunja vyote ukitaka, lakini mtungi wa kaka yako usiuguse. Hilo ndilo kosa lake, anasema, kumtaja kaka. Ndipo alipoushika kwa mkono wa kulia na Mama akaushika upande wa pili, wakawa wanavutana. Alimpiga uso kwa mkono wa kushoto, Mama hakuuachia. Akamwangusha, akamkanyaga mkono. Aliukanyaga akiwa amesimama juu yake, anamwambia achia, achia. Hakuuachia.

Ndivyo alivyoteleza.

Nimekutumia kifurushi pamoja na barua hii. Kifungue polepole, ndani mna kigae. Mtungi ulivunjika vipande visivyohesabika, lakini bega lake liliruka zima likaangukia kwenye gunia la udongo. Kioo kimepasuka pembeni, angalia usijikate. Ndiyo zawadi yako, imekufikia kwa namna yake. Funga mlango, kaa mwenyewe, weka mkono wako juu yake uone unakupwaya wapi. Ukimaliza ndipo uniambie kwamba sijawahi kumpenda tangu alipozaliwa.

Sikuambii umchukie. Wewe ulimbeba, mimi nilimfundisha kutembea hapa hapa uani, tulikuwa tunamshika mikono huku na huku. Nakuambia neno lako lisiwe ufunguo wa nyumba hii tena. Mpigie, mwambie mwenyewe kwa kinywa chako kwamba hapa si pake mpaka Mama aseme. Mimi akinisikia anazidi. Wewe anakuogopa, na nadhani anakupenda, kama bado kuna kitu anachokipenda. Na mkizungumza umtafutie msaada, maana mtu aliyeweza kulia vile hospitali huku anaubusu mkono aliouvunja si mzima, na sitaki nimzike Mama wala yeye.

Mama alimwita fundi wa kufuli jioni ile ile. Mimi nilikuwa nafagia, nikasikia anapatana naye mlangoni kama mtu anayenunua samaki. Funguo ni mbili. Moja ninayo, moja ameifunga kwenye pindo la nguo yake.

Tanuri limepona, mlango tu umepinda, fundi wa bomba amesema ataunyoosha. Leo asubuhi nilipoamka nimemkuta Mama yuko chumbani tayari. Amejipangia zile bakuli chache nilizochoma juzi kufidia za hoteli, sponji mkononi, bakuli amezibana katikati ya magoti kwa kuwa mkono ni mmoja. Anafuta. Anafuta ndani, nje, chini ya kitako ambako hata dawa hatupaki. Nikamwambia apumzike. Akaniambia, "Lete maji mengine. Sitaki mkono wa mtu tena kwenye vyombo vyangu." Nikaleta maji. Tulifanya kazi mpaka mchana, yeye anafuta na mimi natia dawa.

Nisalimie wifi sana, mwambie kile kitambaa alichotuma nimekifungia Mama mkono, kimefaa kuliko kilivyokusudiwa. Wabusu wanangu, wawili sawa, usimpendelee mdogo. Fundi cherehani anakusalimu, anasema suruali uliyomwachia aipunguze bado anayo, na kwa picha ulizotuma haitakupita magotini. Mama anakusalimu kuliko wote. Ameniuliza kama nimekuandikia ukweli nikasema ndiyo, akasema basi na usome umekaa.

Mungu akutunze na nyumba yako, akupe mlango unaofunga vizuri na watu wa kuufungulia.

Wako akupendaye, hata leo,
Mdogo wako, mfinyanzi

Nilikuwa nimeshafunga bahasha, Mama amenifungulisha. Anasema kile kigae ukishakitazama ukirudishe, usikitupe wala usimpe mtu. Nikamuuliza cha nini. Anasema ule ni mkono wa mwanawe.